Umehama kituo cha kazi? Namna ya kulinda mshahara, cheo na ukuu wako kazini

Maswali ni yale yale. "Nimehama halmashauri, je, miaka yangu ya kazi inaanza kuhesabiwa upya?" "Tuliyeajiriwa naye siku moja amepanda daraja, mimi bado. Ni kwa sababu nilihama?" "Mbona mshahara wangu bado unasoma wilaya niliyotoka?" Nimeona niyajibu yote mahali pamoja, kwa mpangilio, ili atakayeuliza tena asome hapa akiwa ametulia.

Mwongozo huu ni wa watumishi wa umma wa Tanzania Bara: walimu, wauguzi, watendaji, maafisa wa wizara na wa halmashauri. Msingi wake ni Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura ya 298, Kanuni za Utumishi wa Umma za mwaka 2022 na Kanuni za Kudumu za mwaka 2009. Zanzibar wana sheria yao, Namba 2 ya mwaka 2011, kwa hiyo msomaji wa Unguja au Pemba achukue mantiki tu, vifungu aulizie kwao.

Jibu fupi kwanza: hapana, haianzi upya. Ukihama kwa kibali, ndani ya utumishi wa umma, ukabaki kwenye kada ile ile, unahama na cheki namba yako, cheo chako, ngazi yako ya mshahara, tarehe ya ajira ya kwanza na tarehe uliyoshika cheo ulichonacho. Hakuna mwajiri mpya mwenye mamlaka ya kukuambia "hapa kwetu wewe ni mgeni, anza chini". Wanaoumia baada ya kuhama, mara nyingi hakuna mtu aliyekaa akaamua kuwanyima kitu. Karatasi zao zilibaki nyuma, au majina yao yaliangukia katikati ya bajeti mbili.

Kwanza jua uhamisho wako ni wa aina gani

Usiruke sehemu hii. Nusu ya malalamiko ninayoyasikia yanatokana na mtu kudai haki ya aina moja ya uhamisho wakati yeye alihama kwa aina nyingine.

Uhamisho kwa manufaa ya umma ni pale mwajiri anapokuhamisha kwa sababu ya mahitaji ya kazi. Hapa unastahili malipo ya uhamisho: nauli yako na ya familia, usafirishaji wa mizigo, posho ya kujikimu na posho ya usumbufu.

Uhamisho kwa maombi binafsi, ukiwemo ule wa kubadilishana, hauna malipo hayo. Uliomba mwenyewe, unajigharamia mwenyewe. Lakini sikiliza vizuri: kukosa posho ya uhamisho si kukosa cheo. Mshahara na ukuu wako, yaani nafasi yako ya kutangulia wenzako kwenye cheo, haviguswi kwa sababu tu uliomba kumfuata mwenzi wako Mwanza au kumuuguza mama Songea. Kuna maafisa utumishi wanaochanganya mambo haya mawili, na watumishi wanawaamini.

Kubadilisha kada ni habari nyingine kabisa. Mwalimu aliyesomea rasilimali watu akahamia kuwa afisa utumishi anaingia kwenye muundo mwingine wa maendeleo ya utumishi, na huko huanzia cheo cha kuanzia cha kada hiyo. Miaka ya ajira haifutiki, na pensheni inaendelea kuhesabiwa, ila ukuu ndani ya kada mpya unaanza siku uliyoingia. Kama mshahara wa zamani ulikuwa mkubwa kuliko wa cheo kipya, mwajiri anakuombea kibali cha mshahara binafsi, yaani cha kubaki na mshahara wako wa zamani. Tutakirudia.

Kuazimwa si kuhama. Umeazimwa kwa taasisi nyingine, mwajiri wako ni yule yule na jina lako linabaki kwenye orodha yake.

Mwisho kuna wale waliomo kazini tayari, wakaomba nafasi za kuingilia kupitia Sekretarieti ya Ajira, wakapata, wakadhani wamehama. Hiyo ni ajira mpya kwa cheo cha kuanzia. Matangazo ya Sekretarieti yamekuwa yakiwakumbusha walio kwenye utumishi wazingatie Waraka Na. CAC.45/257/01/D/140 wa tarehe 30 Novemba 2010, unaowazuia kuomba nafasi hizo. Ukiona kada yako ile ile inatangazwa mkoa unaoutaka, njia yako ni uhamisho.

Vitu vya kuwa navyo kabla hujaanza

Tafuta bahasha ngumu na uweke nakala za hivi. Piga picha kila kimoja pia, uhifadhi mahali pengine mbali na simu yako.

- Barua ya ajira ya kwanza na barua ya kuthibitishwa kazini.
- Barua zote za kupandishwa cheo, hata zile za zamani unazodhani hazina kazi.
- Barua ya kubadilishwa cheo au kada, kama ipo.
- Hati za mshahara za miezi mitatu ya mwisho kabla ya kuhama.
- Barua ya kibali cha uhamisho kutoka mamlaka husika.
- Cheti cha ndoa na vyeti vya kuzaliwa vya watoto, kwa wanaostahili malipo.
- Kumbukumbu za upimaji wa utendaji kazi: mfumo wa PEPMIS kwa sasa, na fomu za OPRAS za miaka ya nyuma kama unazo.
- Taarifa ya michango yako ya PSSSF, mfuko wa pensheni wa watumishi wa umma.
- Rekodi ya likizo ya mwisho uliyolipiwa nauli.

Hii ya mwisho watu huicheka. Nauli ya likizo hulipwa kila baada ya miaka miwili, na ukifika kituo kipya bila ushahidi wa lini ulilipwa mara ya mwisho, hesabu inaanza siku uliyoripoti. Unapoteza zamu nzima.

Hatua kwa hatua

1. Hakikisha kibali kimetoka kwa mwenye mamlaka. Kutoka shule moja kwenda nyingine ndani ya halmashauri ni kazi ya mkurugenzi. Kutoka halmashauri moja kwenda nyingine ndani ya mkoa ni Katibu Tawala wa Mkoa. Kutoka mkoa mmoja kwenda mwingine chini ya TAMISEMI ni Katibu Mkuu TAMISEMI. Kutoka halmashauri kwenda wizara, au wizara kwenda taasisi nyingine, ni Katibu Mkuu Utumishi. Muuguzi wa hospitali ya wilaya anayekwenda hospitali ya rufaa ya mkoa aangalie hapa: ya wilaya iko chini ya TAMISEMI, ya rufaa ya mkoa iko chini ya Wizara ya Afya, kwa hiyo anabadilisha mwajiri hata kama majengo yanatazamana.

Maombi siku hizi yanapitia ESS, mfumo wa watumishi wa mtandaoni, kwenye sehemu ya e-Uhamisho. Ukiona mtu anakuomba hela akuharakishie kibali, huyo ni kishoka. Barua za vishoka hugundulika pale pale unapotaka kuhamishwa kwenye mfumo wa mishahara, na hapo tayari umeshaondoka kituo cha zamani.

2. Isome barua ya uhamisho kabla hujafunga mizigo. Kagua jina kama lilivyo kwenye cheki namba, cheo, ngazi ya mshahara, tarehe ya kuripoti, kama ni kwa manufaa ya umma au kwa maombi, na nani atalipa gharama. Barua ikinyamaza kuhusu malipo ilhali hukuomba kuhama, omba kwa maandishi ielezwe. Kosa la barua hurekebishwa kwa siku chache ukiwa bado ofisini. Ukishafika Kigoma inakuwa safari ya simu na ahadi.

Cheo kiandikwe kile cha muundo, si cha madaraka. Kuna mwalimu mkuu anayehamishwa na barua inasema tu "Mwalimu Mkuu". Cheo chake cha muundo ni Mwalimu Daraja fulani kwenye ngazi fulani ya TGTS (ngazi za mishahara ya walimu), na hicho ndicho anachohama nacho.

3. Chukua hati ya malipo ya mwisho ya mshahara. Maofisini wote huiita LPC. Inaonyesha cheki namba, mshahara wa msingi, ngazi, makato yanayoendelea na mwezi wa mwisho uliolipwa na mwajiri wa awali. Ilinganishe na hati yako ya mshahara tarakimu kwa tarakimu. Ukiwa na malimbikizo ambayo hujalipwa, omba yatajwe kwa maandishi, kwenye hati hiyo au kwenye barua ya pembeni, ili mwajiri mpya asije akasema hayamhusu na wa zamani akasema umeshaondoka.

4. Andika madai ya uhamisho mapema. Hii ni kwa waliohamishwa kwa manufaa ya umma pekee. Posho ya usumbufu ni asilimia 10 ya mshahara wa mwaka. Tuseme mshahara wako wa msingi ni shilingi 900,000 kwa mwezi. Kwa mwaka ni 10,800,000, na posho ya usumbufu ni 1,080,000. Usihesabu kwa mshahara unaobaki mkononi baada ya makato. Hilo ni kosa linalowapunja wengi kwa hiari yao. Nauli na posho ya kujikimu zinamgusa mtumishi, mwenzi na watoto au wategemezi wasiozidi 4, kwa viwango vya cheo chako. Sehemu ya L ya Kanuni za Kudumu ndiyo inayotumika kukokotoa. Mwombe afisa utumishi muifungue pamoja.

Serikali imerudia mara nyingi agizo kwamba mwajiri asihamishe mtumishi kama hajatenga fedha. Agizo lipo, na bado watu wanahamishwa bila senti. Kwa hiyo madai yapokelewe masijala, yagongwe muhuri wa tarehe, na nakala yenye muhuri ibaki kwako. Bila muhuri huna dai.

5. Kabidhi ofisi kwa maandishi. Vifaa, majalada, funguo, fedha kama ulishika. Hati ya makabidhiano isainiwe pande zote mbili. Hapa hakuna mengi ya kusema, ila usiondoke bila nakala.

6. Fuatilia jalada lako binafsi hadi lifike. Ukuu wako kazini umelala humo, na mara nyingi jalada hukwama njiani. Mwajiri wa zamani anatakiwa kulituma rasmi, na wewe hupewi ulibebe mkononi. Unachoweza kufanya ni kuomba kumbukumbu namba ya barua iliyolisindikiza na tarehe ya kutumwa, kisha ukifika uulize masijala mpya kwa namba hiyo hiyo. Kuuliza "jalada langu limefika?" utajibiwa "bado". Kuuliza "barua yenu ya tarehe fulani, kumbukumbu namba fulani, mmeipokea?" kunamfanya karani afungue rejista.

Walimu mna majalada mawili, na wengi hawajui. Moja liko kwa mkurugenzi wa halmashauri, jingine liko ofisi ya wilaya ya Tume ya Utumishi wa Walimu, TSC. Uhamisho unafanywa na upande wa TAMISEMI, lakini kuthibitishwa na kupanda daraja ni kazi ya TSC. Ukihamisha jalada la mkurugenzi peke yake, halmashauri mpya inakutambua na inakulipa, huku TSC wilaya mpya haijui kama upo. Siku ya kuandaa orodha ya wanaopanda, jina lako halipo. Nenda ofisi ya TSC uliyotoka, omba jalada lihamishwe, na uende ofisi ya TSC mpya ujitambulishe wiki ile ile unayoripoti shuleni.

7. Ripoti kwa barua, kwa tarehe. Andika barua ya kuripoti, ipitie kwa mkuu wako wa kazi, na ubaki na nakala yenye muhuri. Kutokuwepo kazini siku 5 au zaidi bila ruhusa ni kosa la kinidhamu linaloweza kukufukuzisha, na katikati ya vituo viwili ni rahisi sana siku hizo zikapita kila mwajiri akidhani uko kwa mwenzake.

8. Hakikisha umehamishwa kwenye mfumo wa mishahara. Kuhama kimwili na kuhama kimfumo ni vitu viwili. Mwajiri wa zamani anakuachia kwenye mfumo, mpya anakupokea. Cheki namba haibadiliki. Kinachobadilika ni mwajiri, fungu na kituo. Ukiona wanataka kukufungulia cheki namba mpya, simamisha zoezi hapo hapo, kwa sababu hiyo ndiyo njia ya kuonekana mwajiriwa mpya.

Mishahara hufungwa kabla mwezi haujaisha, hivyo ukiripoti katikati ya mwezi tegemea mwezi huo bado usome kwa mwajiri wa zamani. Hilo si tatizo. Ukifikisha miezi mitatu tangu kuripoti na bado unasoma huko, ni tatizo.

9. Ingiza jina lako kwenye tange na kwenye ikama. Kama una nguvu ya kufuatilia kitu kimoja tu katika orodha hii yote, kiwe hiki.

Tange ni orodha ya watumishi kwa ukuu wao kazini. Ndani ya kada na cheo kimoja, anayetangulia ni aliyeshika cheo hicho mapema. Mkiwa mmeshika siku moja, hutazamwa nani alitangulia kwenye cheo cha chini yake. Kwa hiyo tarehe inayokubeba ni ya kushika cheo, iliyoandikwa kwenye barua ya kupandishwa. Tarehe ya kuripoti kituo kipya haina nafasi hapa. Kosa la kawaida kabisa ni afisa kuandika tarehe ya kuripoti kwenye safu ya tarehe ya cheo, labda kwa sababu jalada halijafika na barua ya kuripoti ndiyo pekee aliyonayo mezani. Mtu aliyeshika cheo mwaka 2019, akahama 2023, anajikuta nyuma ya watu waliopanda 2022.

Nenda ofisi ya utumishi, omba kuona mstari wako kwenye tange. Si upendeleo unaoomba. Kagua tarehe ya kuzaliwa, ya ajira ya kwanza, ya kuthibitishwa, ya cheo cha sasa, na elimu. Kikikosewa, andika barua na uambatishe nakala ya barua ya cheo. Marekebisho ya mdomo hufutika na afisa anayehamishwa kesho.

Sasa ikama, yaani orodha ya nafasi za kazi ambazo mwajiri anaziombea idhini na fedha kila mwaka. Miundo mingi ya utumishi inasema utapanda ukiwa umefanya kazi kwa muda usiopungua miaka 3 kwenye ngazi uliyopo, utendaji ukiwa mzuri. Lakini hupandi kwa sababu miaka imetimia. Unapanda kwa sababu nafasi yako iliombwa kwenye ikama na bajeti ya mishahara ya mwaka husika, ikaidhinishwa na kutengewa fedha. Mwaka wa fedha unaanza Julai 1, na Bunge la Bajeti linaanza Aprili, kwa hiyo waajiri huandaa ikama miezi kadhaa kabla. Hebu mfikirie mtu anayehama Februari. Mwajiri wa zamani amemwondoa kwenye hesabu zake kwa kuwa anaondoka. Mwajiri mpya amekwisha kupeleka makadirio yake kabla huyu hajafika. Julai inafika, wenzake wanapata barua, yeye hayupo popote. Hakuna aliyemwonea na hakuna atakayemkumbuka asipojikumbusha.

Dawa yake: kabla ya kuhama, uliza kama umewekwa kwenye ikama ya mwaka ujao kwa kupandishwa. Kama umewekwa, omba mwajiri wa zamani aeleze hivyo kwenye barua anayomtumia mwajiri mpya, ili nafasi iombewe kuhamishwa. Kama hujawekwa na muda wako umetimia, barua yako ya kwanza kituo kipya baada ya ile ya kuripoti iwe ya kuomba kuingizwa kwenye ikama ijayo. Na kama una uwezo wa kuchagua wakati wa kuhama, hama baada ya kupokea barua ya cheo na kuona mshahara umebadilika. Mwezi mmoja wa subira kijijini unaweza kukuokolea mwaka mzima wa kusubiri mjini.

10. Kagua hati ya mshahara miezi mitatu mfululizo. Mshahara wa msingi uwe ule ule wa kwenye LPC. PSSSF ni asilimia 5 yako na 15 ya mwajiri. Hakikisha inaingia kwenye akaunti yako ya mfuko, maana hati ya mshahara inaonyesha kukatwa tu, haionyeshi kufika. Bima ya afya ni asilimia 3 yako na 3 ya mwajiri. Deni la bodi ya mikopo ni asilimia 15 ya mshahara wa msingi. Ukikuta makato yanarudiwa, au mkopo wa benki uliokwisha umefufuka, usisubiri mwezi wa nne.

11. Sawazisha PEPMIS. Kama umehama katikati ya mwaka, una kazi ulizozifanya kwa msimamizi wa zamani na malengo mapya kwa msimamizi mpya. Omba wa zamani akamilishe tathmini yake kabla hujaondoka kwake. Pengo la upimaji ni sababu nyepesi sana ya kukuweka pembeni siku ya kupanda.

Visivyohama

Posho ya madaraka inafuata kiti. Mkuu wa shule ya sekondari anayelipwa 250,000 kwa mwezi, au mwalimu mkuu wa shule ya msingi anayelipwa 200,000, akihamishiwa shule nyingine kuwa mwalimu wa kawaida, posho inakoma. Ikiendelea kuingia kwa bahati mbaya usishangilie, itakatwa kama deni. Vivyo hivyo posho ya kukaimu na zile zinazotolewa na taasisi kwa mapato yake ya ndani.

Mshahara binafsi ni jambo la kushika kwa uangalifu. Taasisi za umma hazilipi ngazi sawa. Mtu anayetoka taasisi yenye ngazi zake kubwa kwenda wizarani kwenye TGS, ngazi za mishahara za serikali, anaweza kushuka. Kibali cha kubaki na mshahara wa zamani kinatolewa na Katibu Mkuu Utumishi kwa maombi ya mwajiri, na hakijileti. Ukikipata, unabaki na kiasi hicho hicho mpaka ngazi ya cheo chako ikufikie. Kwa miaka kadhaa mshahara unaweza usisogee. Kama uliomba kuhama mwenyewe na barua inasema utalipwa mshahara wa kituo kipya, umekubali hayo siku uliyoripoti. Ushauri wangu: usisaini kitu mpaka umeiona ngazi ya mshahara kwa tarakimu na herufi zake.

Mkwamo na namna ya kujinasua

*Mshahara umesimama kabisa baada ya kuhama.* Mara nyingi umeachiwa na mwajiri wa zamani lakini hujapokelewa. Nenda kwa afisa utumishi mpya ukiwa na LPC, barua ya uhamisho na barua ya kuripoti. Mwezi uliopotea hudaiwa kama malimbikizo, kwa hiyo andika barua ya madai mwezi huo huo.

*Barua ya cheo ninayo, mshahara haujabadilika.* Angalia tarehe ya kuanza kutumika iliyo kwenye barua. Tofauti kati ya mshahara wa zamani na mpya tangu tarehe hiyo ni malimbikizo ya mshahara. Haya yanapita kwenye mfumo wa mishahara na huhakikiwa. Posho za uhamisho na nauli za likizo ni madai yasiyo ya mshahara na yana njia yake. Usiyachanganye kwenye barua moja, kwa sababu itazunguka kati ya meza mbili kila moja ikisema si yake.

*Wenzangu wa mwaka mmoja wamenipita.* Kabla ya kulalamika, linganisha tarehe za cheo, si za ajira. Zikilingana, tazama tange, kisha ikama. Wapo waliokwama tangu vyeo vilipositishwa mwaka 2016 wakati wa uhakiki wa watumishi, wakahama, na baadaye majina yao yakakosekana hata kwenye mserereko, utaratibu wa kuwapandisha waliocheleweshwa. Hawa waandike kwa mwajiri wa sasa wakiambatisha ushahidi wa cheo kilichositishwa, pamoja na maelezo ya mwajiri waliyekuwa naye wakati huo. Mwajiri wa sasa hawezi kujua yaliyotokea kabla hujafika.

*Jalada limepotea.* Bahasha ngumu uliyoiandaa mwanzo ndiyo inayokuokoa. Omba kwa maandishi jalada la muda lifunguliwe kwa nakala zako, na mwajiri wa zamani athibitishe nakala hizo.

*PSSSF ina miezi mitupu.* Chukua taarifa ya michango, hati za mshahara za miezi hiyo, nenda ofisi ya mfuko ya mkoa. Waliohama kabla ya Agosti 2018, mfuko ulipoanza kwa kuunganisha PSPF, LAPF, PPF na GEPF, wakague na miaka ya nyuma. Ukisubiri hadi miaka 55 au 60 ndipo ukague, utakuwa unatafuta nyaraka za ofisi zilizokwisha kuhamishwa mara tatu.

*Nimeandika, hawajibu.* Andika ukumbusho unaotaja barua ya kwanza, na uombe jibu la maandishi. Ukijibiwa na hukubaliani, una siku 45 tangu kupokea uamuzi kukata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma. Mwalimu aanzie TSC. Kaa na chama chako cha wafanyakazi, kiwe CWT, TALGWU, TUGHE au kingine, wakusaidie kuandika sababu za rufaa, kwa kuwa rufaa inayosimulia uchungu bila kutaja kanuni iliyovunjwa haifiki mbali. Usikimbilie Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, inayoshughulikia migogoro ya kazi: tangu marekebisho ya mwaka 2016 yaliyoingiza kifungu cha 32A kwenye Sheria ya Utumishi wa Umma, mtumishi wa umma anatakiwa amalize kwanza ngazi za ndani ya utumishi. Na siku hizo 45 zinahesabiwa hata wakati unaendelea kubembelezana na ofisi kwa simu, hivyo peleka rufaa kwanza, mazungumzo yaendelee ikiwa tayari imegongwa muhuri.